Sura ya 5: Mkongo Umekatwa, Mbona Hawaungi Upesi?

Swali hili huzaliwa kwenye foleni. Mashine ya kutolea fedha mjini Moshi imegoma, wakala wa jirani anasema mtandao haupo, mwenye duka la dawa hawezi kutoa risiti ya kielektroniki. Anatokea mjuaji mmoja: "Wamekata mkongo huko njia ya Himo. Mafundi wako kazini." Hiyo ni saa tatu asubuhi. Saa kumi alasiri jibu ni lile lile, na watu wameanza kununa. Waya wa umeme ukikatika fundi anapanda nguzo, anaunga, anashuka. Huu mkongo una nini?

Tulijibu swali kuanzia mwisho. Kuunga kwenyewe, yaani kuyeyusha ncha mbili mpaka ziwe kitu kimoja, ni sekunde kumi hivi kwa kila uzi. Kinachokula siku ni mambo mawili yanayotangulia: kupata mahali palipoumia, na kuuvua mkongo maganda yake bila kuumiza kilichomo ndani. Hilo la pili ndilo watu wa nje hawalioni, na ndilo tutakalokaa nalo zaidi katika sura hii.

Kilichomo ndani

Mkongo ni kebo yenye nyuzi za kioo. Waya wa shaba hupitisha umeme. Uzi wa kioo hupitisha mwanga wa leza unaowaka na kuzimika mara mabilioni kwa sekunde, na kuwaka na kuzimika huko ndiko picha yako, muamala wako na sauti ya shangazi aliyeko Mwanza. Mwaka 1966 Charles Kao, mwanasayansi mzaliwa wa Shanghai aliyekuwa akifanya kazi Uingereza, alionyesha kwamba kioo kikisafishwa vya kutosha kinaweza kubeba mwanga kwa masafa marefu. Mwaka 2009 alipewa Tuzo ya Nobel ya fizikia kwa kazi hiyo.

Mwaka huo huo wa 2009 ndipo Tanzania ilipoanza kuonja matunda yake. Mkongo wa baharini wa Seacom ulifika Dar es Salaam mwezi Julai, na ule wa EASSy ukaanza kazi mwaka uliofuata. Ndani ya nchi ukajengwa Mkongo wa Taifa wa Mawasiliano, unaosimamiwa na TTCL, kuunganisha mikoa na mipaka. Mwanga unaotoka baharini hufika Kilimanjaro kwa kupita ardhini, kando ya barabara, chini ya madaraja, na mahali pengine ukining'inia kwenye nguzo.

Msomaji asichanganye mambo mawili hapa. Tarehe 12 Mei 2024, Seacom na EASSy zilipokatika baharini kati ya Msumbiji na Afrika Kusini, mtandao ulilegea karibu Afrika Mashariki yote, na tiba ilikuwa meli maalumu. Mkongo ukikatwa njia ya Himo hakuna haja ya meli. Wanahitajika watu wawili au watatu, gari, hema dogo, na mikono isiyotetemeka.

Sasa vipimo, kwa sababu ndivyo vinavyoeleza ugumu wote. Uzi mmoja wa kioo una unene wa mikrometa 125. Mikrometa ni sehemu moja ya elfu ya milimita, kwa hiyo nyuzi nane zikipangwa ubavu kwa ubavu zinajaza milimita moja tu. Na mwanga haupiti kwenye uzi mzima. Unapita katikati, kwenye moyo wenye upana wa mikrometa tisa hivi. Kuunga maana yake ni kuikutanisha mioyo miwili ya mikrometa tisa, uso kwa uso, nje, kando ya barabara, malori yanapita.

Nani anakata mkongo mlimani?

Kwenye miteremko ya Kilimanjaro wanaolaumiwa kwanza ni wezi, na kweli wapo wanaofukua kebo wakidhani watapata shaba. Wanakuta kioo kisicho na mnunuzi. Lakini adui mkubwa wa mkongo, hapa na kwingine duniani, ni mtu mwenye kazi halali: dereva wa kijiko anayepanua barabara, kibarua anayechimba mtaro wa bomba la maji, mkandarasi anayesimika nguzo. Wanafuata ukingo ule ule wa barabara uliofuatwa na mkongo, kwa sababu ndiko kwenye nafasi.

Mlima nao una mambo yake. Udongo wa mteremko hausimami. Mkongo uliozikwa mita moja kwenda chini unaweza, baada ya masika kadhaa, kubaki na nusu ya udongo ule juu yake, na jembe ambalo zamani lisingeufikia sasa linaufikia. Mifongo, ile mifereji ya asili inayoshusha maji kutoka juu mpaka kwenye vihamba, husafishwa na kuchimbuliwa upya, na mara nyingine huhamishwa njia. Panya na fuko hutafuna plastiki. Mkongo wa juu kwenye nguzo huangukiwa na tawi la mgrivea, na msimu wa kiangazi moto wa kuchoma majani shambani unaweza kuuyeyusha ganda hata kama haukuugusa uzi wenyewe.

Majeraha haya hayafanani. Panga hukata safi. Kijiko huvuta kwanza kabla hakijakata, na uvutaji huo huvunja nyuzi ndani ya ganda mita nyingi kutoka pale unapoona mpasuko. Panya hula ganda akaacha nyuzi zikifanya kazi. Fundi mzuri huanza kwa kuuliza nani kafanya, na hataki jina la mtu ampeleke polisi. Anataka kujua akate nyuma kiasi gani.

Kulipata jeraha

Fundi haanzi porini. Anaanza kwenye chumba cha mitambo mjini, ambako mkongo unaanzia. Pale anachomeka kifaa kiitwacho OTDR, ambacho kazi yake ni kurusha mwanga ndani ya uzi na kusikiliza mwangwi wake. Uzi mzima hurudisha mwangwi hafifu njia nzima. Uzi uliokatika hunyamaza ghafla, na kifaa hupima muda mpaka pale ukimya ulipoanza.

Hesabu yake unaweza kuifanya mwenyewe. Ndani ya kioo mwanga hukimbia kama kilomita 200,000 kwa sekunde, yaani mita 200 kwa mikrosekunde moja, ambayo ni sehemu moja ya milioni ya sekunde. Mwangwi ukirudi baada ya mikrosekunde 186, mwanga umekwenda na kurudi mita 37,200. Gawa kwa mbili: jeraha liko kilomita 18.6 kutoka Moshi. Njia ya Himo, basi ni kabla hujafika njia panda.

Rahisi? Subiri. Hizo ni kilomita za uzi, na barabara ina kilomita zake. Ndani ya kebo nyuzi zimepindwapindwa ili zisivutike, kwa hiyo ni ndefu kuliko kebo. Na kebo nayo ni ndefu kuliko barabara, kwa sababu kwenye kila chemba, yaani shimo lililojengewa la kufikia mkongo, wajenzi waliacha mizunguko ya akiba. Kwa umbali wa kilomita 18 tofauti inaweza kufika mamia ya mita. Kama waliojenga walitunza kumbukumbu za mizunguko hiyo, fundi anaiondoa kwenye hesabu na kwenda moja kwa moja. Kama hawakutunza, anatembea kwa miguu akitafuta udongo mbichi na kuwauliza wenye vibanda kama wameona kijiko.

Kijiko kikiwa kimesimama pale na dereva wake ametoweka, utafutaji umekwisha.

Linabaki la adabu, ambalo vitabu vya ufundi havilitaji. Mkongo ukipita kwenye kihamba, fundi anaingia kwenye ardhi ya ukoo, yenye migomba, kahawa na makaburi ya wazee. "Shikamoo mzee, tunaomba kuchimba hapa karibu na mfongo, tutafukia." "Marahaba. Mlikuja mwaka juzi mkasema mtafukia." Mazungumzo haya yanaweza kuchukua dakika tano au saa nzima, na saa hiyo nayo watu wa kwenye foleni wanaihesabu.

Kwa ufupi mpaka hapa: kifaa kinataja umbali wa uzi, kumbukumbu zinaugeuza kuwa mahali, na jeraha la ndani linaweza kuwa refu kuliko linaloonekana.

Kuvua maganda

Kata shina la mgomba utaona gome ndani ya gome, kila moja likilishika lililo ndani yake, mpaka ufike kwenye moyo mweupe laini. Kebo ya kuzikwa imejengwa hivyo hivyo. Kutoka nje kwenda ndani, ya kawaida huwa na:

- ganda la nje la plastiki nyeusi ngumu, linalozuia maji na jua;
- bati jembamba la chuma lenye mikunjo, la kuzuia meno ya panya na ncha ya jembe;
- ganda la pili la plastiki, kwa baadhi ya kebo;
- utepe au nyuzi zinazovimba zikilowa, ili maji yakiingia yasisafiri;
- vimirija vya plastiki vya rangi mbalimbali, vimezungushwa kwenye ufito mgumu wa katikati unaobeba mvuto;
- ndani ya kila kimirija, jeli na nyuzi za kioo, mara nyingi 12, kila moja na rangi yake.

Kebo nyingi za kwenye nguzo hazina bati. Mahali pake zina nyuzi za njano za aramidi, jamaa ya zile zinazofumwa kwenye fulana za kuzuia risasi, na kisu cha kawaida kinateleza juu yake. Zinakatwa kwa mkasi wake maalumu.

Kabla ya kuvua chochote, fundi anakata nyuma. Kama ni kijiko kilichovuta, anaondoa mita kadhaa kila upande, anapima tena, na kama uzi bado umevunjika mbele zaidi anakata tena. Hapa ndipo mzee mwenye kihamba anaposhangaa: kebo iliyoonekana nzima inakatwa vipande na kutupwa.

Kisha kisu. Si kisu cha jikoni, wala wembe, ingawa vyote viwili vimewahi kutumika na vitatumika tena. Kinachotakiwa ni kisu cha mzunguko chenye wembe unaopimwa kina. Fundi anakipima kwanza kwenye kipande kilichotupwa, mpaka wembe uishie ndani kidogo tu ya unene wa plastiki. Halafu anaenda kwenye kebo yenyewe, anapima mita moja au moja na nusu kutoka kwenye ncha, anazungusha mara moja, na anaikunja kebo taratibu. Plastiki iliyochorwa vizuri inapasuka yenyewe kwenye mstari, bila wembe kufika chini.

Kuitoa kwa urefu kuna njia ya kuvutia. Watengenezaji wengi huweka chini ya ganda uzi imara wa kupasulia. Fundi anamenya sentimita kumi hivi kwenye ncha, anaupata uzi huo, anauzungusha kwenye koleo na kuuvuta kwenda nyuma. Uzi unapasua ganda kutoka ndani kwenda nje, kwa hiyo hakuna wembe unaoelekea kwenye kioo. Uzi ukikatika, na hukatika, anarudi kwenye kisu cha kupasua kwa urefu, polepole.

Bati la chuma linachorwa mzunguko na kukunjwa mpaka livunjike. Kingo zake ni wembe mtupu. Glavu hapa si za mapambo. Ufito wa katikati haukatwi karibu na ganda: unaachwa sentimita chache zitoke, kwa sababu ndio utakaofungwa kwa skrubu kwenye sanduku la kiungio ili siku kebo ikivutwa, mvuto ubebwe na ufito, usifike kwenye kioo. Fundi mwenye haraka huukata mfupi, kisha akafunga kebo kwa utepe wa plastiki. Hiyo kazi itadumu mpaka mvua ijayo.

Vimirija navyo vinachorwa na kuvunjwa, kisha vinavutwa kwa vipande vya nusu mita hivi. Ukivuta mita nzima kwa mkupuo, jeli inashika nyuzi na unaweza kuzikata usione. Jeli inafutwa kwa dawa yake na karatasi isiyoacha manyoya. Ukiiacha, vumbi la barabarani linaigeuza kuwa msasa.

Ugumu wa hatua yote hii ni kwamba kosa halionekani. Wembe ukigusa uzi wa kioo haukatiki papo hapo, unapata mchubuko. Leo kipimo kinasoma vizuri. Unyevu unaingia kwenye mchubuko, uzi uliopindwa kidogo unaendelea kuvutika, na baada ya miezi unapasuka wenyewe bila kuguswa na mtu. Foleni inarudi, kijiko hakipo, na hakuna anayemkumbuka aliyeshika kisu.

Ganda limeumia, nyuzi zinafanya kazi

Kuna kesi ngumu kuliko mkongo uliokatika: mkongo uliojeruhiwa ganda tu. Panya amekula, jembe limechana, au moto umebabua, na mtandao haujakatika. Kishawishi ni kufukia na kuondoka. Lakini maji ya masika hayangoji, na uzi uliokaa majini huku umevutika hudhoofika.

Kama jeraha ni la plastiki peke yake, fundi anasafisha, anakwaruza kidogo ili gundi ishike, na kuzungushia mkono wa plastiki wenye zipu ya chuma unaosinyaa ukipashwa moto. Kama jeraha limefika kwenye vimirija, anafungua dirisha: anachora mizunguko miwili, mmoja kila upande wa jeraha, na kupasua katikati yake, huku hospitali, benki na shule zikiendelea kupita humo ndani kwa mwanga. Hakuna nafasi ya kupima kisu kwenye kebo hii; kipimo kilifanyika kwenye kipande cha akiba cha aina ile ile, au hakikufanyika. Kazi hii kwa kawaida hufanywa usiku, na sababu ni kwamba mkono ukiteleza walioko macho ni wachache.

Sekunde kumi zenyewe

Nyuzi zikishakuwa wazi, mambo yanakwenda kwa mpangilio usiobadilika:

1. Kuuvisha uzi kijimirija cha kulinda kiungo. Ukisahau, utaunga vizuri kisha utalazimika kukata, maana hakiwezi kuingizwa tena.
2. Kuondoa koti lake laini la rangi, sentimita tatu hivi.
3. Kufuta kwa spiriti safi, mara moja, na kutougusa tena.
4. Kukata ncha kwa kikata maalumu ili uso uwe wima. Ikiinama hata digrii mbili, mashine inaikataa.
5. Kuweka ncha mbili kwenye mashine ya kuunga, ambayo inazikutanisha yenyewe na kupiga cheche ya umeme inayoyeyusha kioo.
6. Kupasha moto kijimirija kifunike kiungo.

Mwanga unaopotea kwenye kiungo kizuri ni chini ya desibeli 0.1, na desibeli ni kipimo cha kudhoofika. Kwa ulinganisho, kilomita moja nzima ya uzi hupoteza kama 0.2 kwa mwanga wa masafa marefu. Kiungo kibovu kimoja kinaweza kula zaidi ya kilomita kadhaa.

Tufanye hesabu ya saa sasa. Tuseme kebo ina nyuzi 24. Kebo iliyovutwa na kijiko ni fupi, haifiki, kwa hiyo kinaingizwa kipande kipya katikati. Hapo viungio ni viwili, kimoja kila upande, na nyuzi za kuunga ni 48. Kila moja ikichukua dakika nne pamoja na kuvua, kufuta, kukata na kupasha, ni dakika 192. Zaidi ya saa tatu, bila chai, bila mvua, na bila kuchanganya rangi. Kebo ya nyuzi 96 ihesabu mwenyewe.

Rangi ndizo zinazookoa. Bluu kwa bluu, chungwa kwa chungwa, kijani kwa kijani, kahawia kwa kahawia. Jioni taa ya kichwani ikiwa na mwanga wa manjano, nyeupe na njano zinafanana, na mteja wa benki akajikuta ameunganishwa na mnara wa simu.

Juu zaidi

Agosti 2022 TTCL ilizindua intaneti ya kasi kituo cha Horombo, mita 3,720 juu ya usawa wa bahari, na Desemba mwaka huo huduma ikafikishwa kilele cha Uhuru, mita 5,895. Watu walitania kwamba sasa mtu atapiga picha juu kabla hajapata pumzi. Mimi nilimfikiria fundi.

Cheche ya mashine ya kuunga hupita hewani, na hewa ikipungua cheche hubadilika. Kileleni mgandamizo wa hewa unakaribia nusu ya ule wa Dar es Salaam. Mashine iliyounga vizuri mjini Moshi inatakiwa ipimwe upya cheche yake kabla ya kuguswa na uzi huko juu, la sivyo itayeyusha isivyotakiwa. Betri nayo huisha mapema kwenye baridi, na plastiki ya ganda hukakamaa ikapasuka mahali usipopataka.

Kisha kuna barafu. Tambarare, maji yakiingia kwenye sanduku la kiungio yanaleta unyevu. Kwenye miinuko ambako usiku ni chini ya nyuzi sifuri, maji hayo yanaganda, yanatanuka na kuzibana nyuzi. Mwanga unapungua alfajiri, unarudi jua likipanda, na anayepima saa sita mchana anaandika kwamba hakuna tatizo.

Kabla ya kufukia

Kazi haijaisha mwanga ukirudi. Fundi anapima kutoka pande zote mbili, kwa sababu kipimo cha upande mmoja hudanganya kidogo, na anatumia mwanga wa nanomita 1550, ambao huumbua uzi uliopindwa mno ndani ya sanduku kuliko ule wa 1310. Sanduku linafungwa kwa mpira wake, si kwa gundi ya kubahatisha. Kebo inalazwa, udongo laini kwanza, halafu utepe wa onyo kama sentimita 30 juu yake, halafu udongo uliobaki.

Wewe mwenye kihamba au mwenye kibarua, ukikutana na utepe huo jembe likiwa mkononi, simama. Kama umeshakata, usivute ncha, usizifunge pamoja, wala usichungulie kwenye kioo: mwanga wake hauonekani kwa macho lakini unaweza kuyadhuru, na vipande vyake vikiingia kwenye ngozi havitoki kirahisi. Weka alama, piga simu, na mwambie fundi ukweli kama ulikuwa na panga au ulikuwa na kijiko. Jibu hilo peke yake linaweza kumpunguzia saa moja.

Na fundi, kabla hajapanda gari, anaandika: kiungio kipya, mita ngapi kutoka kalvati gani, upande gani wa barabara, akiba ya mita ngapi imeachwa kwenye chemba ipi. Asipoandika, mwenzake atakayekuja mwaka kesho atakuta kifaa kinasema kilomita 18.6 na ataanza tena kuulizia vijiko kwenye vibanda.